Ridhaa ya Aliyeshiba: Cec Thompson na Uongo wa "Mtu Aliyejitengeneza"

Kuna hadithi ambayo kila mhadhiri ameisikia hadi ameikariri. Mgeni rasmi hupanda jukwaani siku ya mahafali, hurekebisha kipaza sauti, kisha husimulia habari za mtu aliyezaliwa katika ufukara, akajituma, akafanikiwa. Hitimisho halibadiliki: ukijituma utafika, usipofika, hukujituma. Wahitimu hupiga makofi, nami kwa miaka mingi nilipiga pamoja nao. Leo nataka kueleza kwa nini nimeacha. Nitafanya hivyo kwa kupitia maisha ya mchezaji mmoja wa raga wa Uingereza ambaye wengi wenu hamjapata kumsikia, Cec Thompson.

Nilimsikia kwa mara ya kwanza mwaka 2011, nikiwa mwanafunzi wa shahada ya uzamivu katika mji wa Leeds. Thompson alikuwa amefariki mwaka huo, na mzee mwenye nyumba niliyopanga aliniwekea mezani ukurasa wa gazeti uliomhusu. "Msome huyu," akaniambia, "alijitengeneza mwenyewe." Nilisoma, nikaguswa. Kisha nikaendelea kusoma habari za mchezo wake na za nchi iliyomlea, na kadiri nilivyosoma ndivyo sentensi ile ya mzee ilivyozidi kunikera.

Thompson alizaliwa mwaka 1926 kaskazini mwa Uingereza. Baba yake alitoka Trinidad, naye hakupata kumjua. Mama yake alikuwa Mwingereza mweupe aliyeshindwa kumudu malezi. Mtoto akakulia katika makazi ya yatima, mara nyingi akiwa yeye peke yake mwenye ngozi nyeusi. Akiwa na miaka 14 aliacha shule bila cheti chochote, akaingia katika kazi za kibarua. Mwaka 1948 klabu ya Hunslet ya Leeds ilimsajili kucheza raga ya ligi, ile ya wachezaji 13. Miaka mitatu baadaye, mwaka 1951, alivaa jezi ya Uingereza dhidi ya New Zealand, akiwa miongoni mwa weusi wa mwanzo kabisa kupata heshima hiyo. Mwaka 1953 alihamia Workington Town, na akiwa na klabu hiyo alicheza fainali mbili za Kombe la Challenge katika uwanja wa Wembley: ya mwaka 1955, waliyofungwa na Barrow 21-12, na ya mwaka 1958, waliyofungwa na Wigan 13-9.

Hadi hapo mgeni rasmi wetu anafurahi. Kibarua asiye na baba amefika Wembley! Lakini naomba tuulize swali ambalo mgeni rasmi haulizi: kwa nini kijana huyu alicheza raga ya wachezaji 13 badala ya ile ya wachezaji 15, iliyochezwa katika vyuo vikuu, katika jeshi na katika shule za wenye nacho? Jibu la swali hilo lilipatikana miaka 31 kabla hajazaliwa.

Raga ilikuwa mchezo mmoja. Mwishoni mwa karne ya 19 iliwavutia wachimba makaa, wafanyakazi wa viwanda vya nguo na makuli wa bandari wa kaskazini. Watu hao walifanya kazi hadi Jumamosi. Aliyetoka kazini kwenda uwanjani alikatwa ujira wake, na akivunjika mguu familia yake ililala njaa. Vilabu vya kaskazini vikaomba jambo dogo mno, kwamba mchezaji afidiwe ujira aliopoteza kwa ajili ya mechi. Septemba 1893 hoja hiyo ilipelekwa London katika mkutano mkuu wa chama cha raga, ikakataliwa kwa kura 282 dhidi ya 136. Tarehe 29 Agosti 1895 wawakilishi wa vilabu vya kaskazini walikutana katika hoteli moja ya Huddersfield, wakajitenga. Fidia waliyoiruhusu ilikuwa shilingi 6 kwa siku. Ni kwa sababu ya shilingi 6 hizo mchezo mmoja ukawa miwili, na watu wakafarakana kwa miaka 100.

Waliokataa fidia ile walijiita watetezi wa mchezo wa ridhaa. Natamani msomaji alitafakari neno hilo la Kiswahili, maana limebeba hoja nzima. Ridhaa ni kukubali kwa hiari. Lakini ni nani mwenye hiari ya kucheza bila malipo? Ni yule ambaye chakula chake cha jioni hakitegemei saa alizotumia uwanjani. Daktari na mwanasheria wa London walicheza kwa ridhaa kwa sababu walikuwa wameshiba. Mchimba makaa wa Yorkshire aliombwa atoe ridhaa ya njaa ya watoto wake, na alipokataa akaambiwa kwamba anauchafua mchezo. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa, wahenga walisema. Hapa mwenye shibe alikwenda mbali zaidi: aliigeuza shibe yake kuwa maadili, kisha akamhukumu mwenye njaa kwa maadili hayo.

Na hukumu ilikuwa kali. Aliyegusa raga ya ligi alipigwa marufuku katika raga ya muungano maisha yake yote. Marufuku hiyo ilikuwa na upenyo mmoja, nao unaeleza mengi. Wakati wa Vita Kuu ya Pili taifa lilipohitaji miili ya vijana, mipaka ililegezwa. Wachezaji wa ligi waliokuwa jeshini wakaruhusiwa kucheza na wale wa muungano. Timu za pande mbili zilikutana mwaka 1943 na 1944, kwa kanuni za muungano, na mara zote mbili watu wa ligi walishinda. Vita vilipokwisha, marufuku ilirudi. Uchafu ule, inaonekana, haukuambukiza wakati wa hatari.

Sasa tuongeze rangi juu ya tabaka. Mwaka 1906 timu ya Uingereza ya raga ya muungano ilimchezesha kwa mara ya kwanza mtu mweusi, James Peters, naye pia aliyelelewa katika makazi ya yatima. Timu ya Afrika Kusini ilipozuru mwaka huohuo, Peters aliachwa nje. Alicheza mara ya mwisho mwaka 1908, kisha akaishia katika raga ya ligi. Mweusi aliyefuata kuivaa jezi ileile alikuwa Chris Oti, mwaka 1988. Pigeni hesabu wenyewe, ni miaka 80. Hakuna mahali katika vitabu vya chama palipoandikwa kwamba weusi hawatakiwi, wala hapakuwa na haja ya kuandika. Neno ridhaa lilitosha kulinda mlango.

Msije mkanielewa kwamba raga ya ligi ilikuwa pepo. Roy Francis, mzaliwa wa Wales, alikuwa miongoni mwa mawinga bora wa kizazi chake. Mwaka 1946 aliachwa katika kikosi kilichokwenda Australia, na wanahistoria wengi wa mchezo huo wanaamini sababu ilikuwa ubaguzi wa rangi uliotawala huko. Mwaka 1957 timu ya Uingereza, ikitoka kwenye Kombe la Dunia nchini Australia, ilipita Afrika Kusini kucheza mechi za maonyesho. Billy Boston, mzaliwa wa Cardiff na mfungaji wao hatari kuliko wote, hakuweza kwenda kwa sababu ya ngozi yake. Alirudi nyumbani peke yake huku wenzake wakicheza mbele ya majukwaa ya makaburu. Viongozi wangeweza kuifuta safari hiyo, lakini walichagua kumwacha mtu wao. Vilabu vya kaskazini viliwafungulia weusi mlango kwa sababu weusi walifunga trai na kujaza viwanja. Mlango uliofunguliwa kwa sababu hiyo hufungwa tena pale faida inapopatikana upande mwingine.

Nirudi kwa Thompson, kwa kuwa sehemu ya maisha yake ninayoithamini zaidi haimo katika matokeo ya mechi. Fedha ya raga haikutosha kuishi. Akiwa mchezaji wa kimataifa alianzisha biashara ya kusafisha madirisha. Halafu, akijua vizuri alichonyimwa utotoni, akaanza kusoma. Akiwa anakaribia miaka 40 aliingia Chuo Kikuu cha Leeds, akasomea uchumi, akahitimu, na baadaye akawa mwalimu wa somo hilo katika shule ya sekondari huko Chesterfield.

Mgeni rasmi atasema: mnaona? Nami namjibu: tazama alichokifanya Thompson alipofika chuoni. Mwaka 1967, yeye na mwanafunzi mwenzake, Andrew Cudbertson, walianzisha klabu ya raga ya ligi ya chuo hicho, na kutoka hapo ukakua mchezo wa wanafunzi katika vyuo vingine vya Uingereza. Kwa kanuni za wakati huo, mwanafunzi aliyecheza ligi, hata bila kupokea senti, alijiweka katika hatari ya kufungiwa na raga ya muungano. Mchezo wa wafanyakazi ulikuwa umekaa nje ya kuta za elimu kwa zaidi ya miaka 70. Mtu aliyepenya ukutani kwa tabu angeweza kukaa kimya akifurahia kivuli. Yeye alianza kutoboa ukuta kwa ajili ya wengine. Huo si mwenendo wa mtu anayeamini kwamba alijitengeneza. Hata kitabu cha maisha yake, kilichotoka mwaka 1995, alikipa jina lenye maana ya kuzaliwa upande usiofaa. Upande, maana yake, kuna mstari, na kuna aliyeuchora.

Najua wapo watakaonipinga kwa hoja nzito. Watasema: kama juhudi si kitu, mbona wenzake wa makazi yale ya yatima hawakufika? Sijasema juhudi si kitu. Thompson alikuwa na juhudi ambayo mimi, mwenye shahada tatu, siwezi kudai kuwa nayo. Ninachosema ni kwamba juhudi inaeleza kwa nini yeye alifika, lakini haielezi kwa nini wengine walihitaji juhudi ya kishujaa ili wapate kile ambacho mtoto wa mwanasheria alikipata kwa kuzaliwa tu. Nchi inayodai ushujaa kutoka kwa maskini na kuridhika na ukawaida kutoka kwa matajiri haina haki ya kujisifu kwa mashujaa wake.

Agosti 1995, takribani miaka 100 kamili tangu ule mkutano wa Huddersfield, raga ya muungano ilitangaza kwamba sasa wachezaji wake waruhusiwe kulipwa. Hakuna aliyewaomba radhi waliofungiwa. Na Juni 2025 Billy Boston, akiwa na miaka 90, alipewa na Mfalme cheo cha "Sir", wa kwanza kukipata katika historia yote ya raga ya ligi. Chanda chema huvikwa pete, lakini pete hii imengoja hadi chanda kimekauka.

Kwa nini nawaandikia haya? Kwa sababu neno ridhaa halikufia kaskazini mwa Uingereza. Mhitimu wangu mmoja alinijia mwezi uliopita akiwa na barua ya ofisi iliyomwalika "kujitolea" kwa mwaka mzima, bila nauli wala chakula, ili apate uzoefu. Aliniuliza akubali au akatae. Nilimuuliza anaishi kwa nani mjini. Akaniambia hana ndugu. Basi nafasi ile haikuwa yake tangu ilipoandikwa. Ilikuwa ya mwenzake mwenye mjomba, nyumba na sahani ya wali. Baada ya mwaka, mwenye mjomba ataajiriwa kwa kuwa ana uzoefu, na yule mwingine ataambiwa hakujituma.

Enyi watumishi wa umma mnaoandika barua kama hizo, jueni kwamba mnarudia kura ya 1893. Wekeni nauli na chakula katika bajeti kabla ya kuweka sifa za uzalendo. Enyi wanaharakati, acheni kuomba nafasi zaidi za kujitolea. Ombeni fidia ya ujira, zile shilingi 6. Nanyi wanafunzi wangu, siku mtakapopanda jukwaani kama wageni rasmi, simulieni habari za kupanda kwenu, lakini msisahau kueleza ni nani aliyeiondoa ngazi, na ninyi mmeirudisha wapi.

Thompson aliirudisha mwaka 1967. Mimi nimeanza kwa kuacha kupiga makofi.