Mongita, mtu wa teatre aliyeshika kamera

Ninyi vijana wa Butembo na Beni munaocheza teatre ku parokia, jina la Albert Mongita munalijua? Wengi hapana. Naye alikuwa mtu wa jukwaa, kule Leopoldville (leo Kinshasa), tena mtu wa redio na mchoraji wa picha. Mchezo wake mmoja unaitwa «Soko Stanley te».

Wakati ule Mkongomani hakuangalia filimu aliyotaka. Toka mwaka 1945 alionyeshwa tu ile ambayo komisyo ya serkali ya Wabeleji ilikubali. Kucheza mbele ya kamera, ndiyo, aliitwa: huko Kasai, miaka ya 1950, padri mmoja alitengeneza filimu za Matamata na Pilipili, na watu walicheka sana. Lakini kamera yenyewe ilibaki mkononi mwa mzungu.

Basi mwaka 1951 Mongita akatengeneza filimu yake, «La leçon de cinéma», yaani Somo la sinema. Inahesabiwa kuwa ya kwanza ya Mkongomani. Mimi jina hilo linanifurahisha: mtu aliyechaguliwa kila filimu ya kuangalia, sasa ni yeye anayeita watu kwa somo! Mwaka 1953 Emmanuel Lubalu akafuata na «Les pneus gonflés». Uhuru ulikuwa bado miaka 7.