Chema hakijiuzi, jamani!

Najua nimekuwa kimya wiki mbili tatu hivi. Testi zilinibana, na boom kama mjuavyo lilichelewa, kwa hiyo hata hela ya vocha ilikuwa ya kuungaunga. Sasa nipo, na leo nimekuja na ugomvi.

Juzi pale vimbweta tulikuwa tunabishana habari za filamu, nikamtaja Marianne Jean-Baptiste, mwigizaji wa Uingereza. Jamaa mmoja wa mwaka wa tatu (simtaji, anajijua) akadakia: eti huyo mama alibahatisha filamu moja, akapotea. Angekuwa mkali kweli tungemwona kila mahali. Akamalizia na ule msemo wenu mnaoupenda: chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Watu wakacheka, wakahamia kwenye mpira.

Mimi sihami. Huo msemo ni mzuri kwa maembe ya sokoni, lakini kwa binadamu ni uongo mtupu, na sijaona mtu anayeuumbua vizuri kama huyu mama. Tulieni niwape.

Kwanza ni nani? Amezaliwa London mwaka 1967, mama yake mtu wa Antigua, baba yake mtu wa Saint Lucia, visiwa vya Karibiani. Uigizaji amesomea RADA, chuo ambacho Waingereza wenyewe wanakitaja kwa heshima. Jukwaani amecheza hadi Shakespeare, Measure for Measure, na kundi la Cheek by Jowl. Kwa hiyo tusianze na hadithi ya binti aliyeokotwa mtaani akawekwa mbele ya kamera. Huyu alikuwa fundi kabla hatujamsikia.

Mwaka 1996 ikatoka Secrets & Lies ya muongozaji Mike Leigh. Marianne anacheza Hortense, binti Mweusi wa London, mtaalamu wa kupima macho, aliyelelewa na wazazi wa kuasili. Wazazi wote wawili wameshafariki, anaamua kumtafuta mama aliyemzaa. Anampata: ni mama wa Kizungu, mfanyakazi wa kiwandani, anaitwa Cynthia, na anamcheza Brenda Blethyn.

Kama hujaiona, itafute hata kwa kuazima flashi. Kuna sehemu wamekaa mgahawani, wawili tu, upande mmoja wa meza. Kamera imewakodolea macho na haisogei. Cynthia anakana kwamba hawezi kuwa mama yake, halafu kumbukumbu inamrudia, analia mpaka basi. Wengi wanamsifia anayelia, na anastahili. Lakini mtazame anayesikiliza. Marianne karibu hafanyi kitu, na bado unaona binti anaumia, anajizuia, anamwonea huruma mtu ambaye dakika moja iliyopita alikuwa anamkana. Jaribuni kuigiza kunyamaza namna hiyo muone kama ni kazi rahisi.

Filamu ikachukua Palme d'Or, tuzo kubwa kuliko zote pale Cannes. Mwaka 1997 ikateuliwa kuwania Oscar tano, na mojawapo ilikuwa ya Marianne, mwigizaji bora wa kike msaidizi. Alikuwa mwigizaji wa kwanza wa kike Mweusi kutoka Uingereza kuteuliwa kuwania Oscar. Umri wake miaka 29. Sasa kama chema kinajiuza, hapa ndipo wateja walipotakiwa kupanga foleni, si ndiyo?

Sikilizeni kilichofuata. Mei mwaka huo huo Cannes ilikuwa inaadhimisha tamasha lake la 50. Waingereza wakapeleka waigizaji wao vijana kwenda kuipamba sinema ya nchi yao. Marianne hakualikwa! Mwaka mmoja tu baada ya filamu yake kushinda pale pale! Hakukaa kimya, alisema hadharani kwamba wazee wanaoiendesha tasnia ya filamu ya nchi yake hawana wanalolielewa. Baadaye akahamia Los Angeles.

Niambieni sasa, nani alipotea hapo? Mtu akifungiwa mlango kwao akaenda kutafuta riziki kwingine, mnasema kapotea?

Najua mtasema ni bahati mbaya, mambo ya filamu ni kamari. Sawa, basi tufanye hesabu ndogo. Pale mgahawani walikaa waigizaji wawili: filamu moja, meza moja, na wote wawili waliteuliwa Oscar mwaka mmoja. Tuwafuate mmoja mmoja.

Brenda Blethyn alicheza Little Voice mwaka 1998, filamu ya Kiingereza, na mwaka 1999 akateuliwa Oscar tena. Mwaka 2005 akawa Bi Bennet kwenye Pride & Prejudice. Kuanzia 2011 hadi 2025 akaongoza tamthilia ya televisheni ya ITV inayoitwa Vera, jina la mhusika wake mwenyewe. Miaka 14! Na alipoianza alikuwa ameshapita miaka 60. Hongera yake, sina kinyongo naye hata chembe, mama anaweza kazi. Alikuwa pia na miaka mingi ya jukwaani kumzidi mwenzake, hilo nalikubali.

Marianne je? Muziki wa filamu ya Mike Leigh ya mwaka 1997, Career Girls, alishiriki kuutunga yeye (ndiyo, na muziki anaujua). Mwaka 1999 akamcheza Doreen Lawrence, mama wa Stephen Lawrence, yule kijana Mweusi aliyeuawa na Wazungu wabaguzi kwenye kituo cha basi kusini mashariki mwa London mwaka 1993, polisi wakaiharibu kesi. Kazi nzito, na aliifanya kwa heshima. Lakini oneni mtego uliopo: nyumbani walimwita alipohitajika mama wa kumlilia mtoto aliyeuawa kwa ajili ya rangi yake. Wa kuchekesha hawakumwita, wala wa kupenda, wala mpelelezi mwenye tamthilia yenye jina lake.

Kwa hiyo mwaka 2002 alianza Without a Trace, tamthilia ya CBS ya Marekani, akicheza Vivian Johnson, ofisa wa FBI anayetafuta watu waliopotea. (Ninyi mnaosema alipotea, hapo mcheke wenyewe.) Aliicheza misimu yote saba mpaka 2009, tangu ana miaka 35 mpaka 42. Ile ndiyo miaka ambayo mwigizaji ameshakomaa na nguvu bado anazo.

Hapa ndipo rafiki zangu wa biashara na uchumi huniambia: sasa unalalamika nini? Kapata kazi ya kudumu, kalipwa dola, wewe hata hela ya chipsi huna unamlilia mtu wa Los Angeles!

Haya, nacheka na mimi. Lakini swali langu halikuwa kama amekula. Vivian ni mhusika mzuri, ametulia, ana akili. Ila ni mmoja wa kikosi. Tamthilia za aina ile mpelelezi anaingia, anasoma faili, anauliza maswali, anamweleza mwenzake kilichotokea ili mtazamaji asipotee njia, wiki inayofuata kesi nyingine. Ni kama umchukue fundi wa kuchonga milango ya Zanzibar umpe kazi ya kugongelea misumari kwenye madawati. Mshahara utampa, na madawati yatakuwa imara. Lakini ile milango ambayo haikuchongwa miaka hiyo hatutaiona tena, na hiyo hasara ni yetu sisi watazamaji.

Hoja ya pili mnayonirushia: Waingereza wanapenda filamu za zamani, magauni marefu na farasi, nafasi za watu Weusi zingetoka wapi? Ndugu zangu, hiyo si hoja, huko ni kukiri kosa kwa sauti ya kujitetea. Nani aliyeamua kwamba London ya leo, yenye Peckham na Brixton, haina hadithi? Secrets & Lies ilikuwa hadithi ya London ya leo na dunia nzima iliilipia tiketi. Na hata ukitaka Shakespeare, nimeshasema alimcheza.

Wala si yeye peke yake aliyeyasema haya. Januari 2016 Idris Elba, mtoto wa Hackney, alikwenda kuzungumza na wabunge pale London, akawaambia alikimbilia Marekani kwa sababu nyumbani nafasi alizokuwa akipewa zilikuwa zimefika ukomo. Thandiwe Newton naye ameshaeleza kwamba kwao hapati kazi kwa kuwa filamu za mambo ya kale hazina nafasi yake. Watu watatu kutoka nyumba moja wakisema paa linavuja, wewe bado utasema ni macho yao?

Hoja ya tatu ndiyo yenye akili kidogo. Inasema mambo yamebadilika, Waingereza Weusi siku hizi wanateuliwa Oscar kila mara. Kweli wanateuliwa. Lakini tazama wanateuliwa wakiwa wamecheza nani. Sophie Okonedo, mwaka 2005, kwa Hotel Rwanda: Mnyarwanda, hadithi ya Kigali. Chiwetel Ejiofor, 2014, kwa 12 Years a Slave: Mmarekani aliyetekwa na kuuzwa utumwani. Naomie Harris, 2017, kwa Moonlight: mama wa Miami. Cynthia Erivo, 2020, kwa Harriet: Harriet Tubman, Mmarekani. Daniel Kaluuya aliyeshinda mwaka 2021: Fred Hampton wa Chicago. Wote watoto wa Uingereza, na hakuna hata mmoja wao aliyefika pale akiwa amecheza Mwingereza Mweusi anayeishi Uingereza! Hortense alifika mwaka 1997. Mlango aliopita ulifungwa nyuma yake, wenzake wakazungukia dirisha la Marekani.

Sasa tuje 2024. Mike Leigh akamwita tena, miaka 28 baada ya Secrets & Lies. Katikati hapo Leigh alitengeneza filamu nane na Marianne hakuigiza hata moja, kwa hiyo hata rafiki aliyemfungulia mlango alichelewa. Filamu inaitwa Hard Truths. Marianne anacheza Pansy, mwanamke wa London mwenye hasira na kila kitu: mumewe fundi bomba, kijana wake aliyejifungia chumbani, daktari, muuza duka, mpaka nguo za watoto. Unaanza kwa kumcheka. Ikifika katikati kicheko kinakukauka, unagundua huyu mtu anaogopa, amechoka, na hajui kwa nini. Hortense alikuwa kimya chote, Pansy ni mvua ya mawe. Ni mwigizaji mmoja huyo huyo.

Wakosoaji wa New York, wa Los Angeles na wale wa chama chao cha kitaifa Marekani wote wakampa tuzo. BAFTA wakamteua. Oscar, Januari 2025, wakampita. Na magazeti yakaandika "amerudi".

Amerudi kutoka wapi? Mwaka 2013 alikuwa London kwenye jukwaa la National Theatre akiongoza The Amen Corner ya James Baldwin. Mwaka 2015 alikuwa wakili kwenye Broadchurch. Mwaka 2018 aliibeba filamu ya In Fabric. Hajawahi kuacha kazi hata siku moja. Neno "amerudi" ni la ujanja, maana linamfanya aliyefungiwa nje aonekane kama mtoro, na aliyefunga mlango aonekane mwenyeji mkarimu.

Ndiyo maana naukataa ule msemo, wadau. Chema hakijiuzi. Chema kinauzwa na mwenye duka, na mwenye duka ndiye anayeamua kipangwe mbele kwenye kioo au kifichwe stoo nyuma ya magunia. Mteja asipokiona anasema hakikuwepo, au hakikuwa kizuri. Msemo unamsamehe mwenye duka na kumhukumu chema. Na sisi tunaousema kwa raha zetu tunamfanyia mwenye duka kazi ya bure.

Siku nyingine ukisikia mtu "alikuwa mkali akapotea", awe mwigizaji, mwanamuziki au hata yule binti aliyekuwa anaongoza darasani kwenu sekondari, usianze kupima kipaji chake. Uliza kwanza funguo anazo nani.

Haya, mwenye hoja alete hoja. Matusi sijibu. Na kama hujaona hata moja kati ya hizo filamu mbili usinijibu kabisa, nenda kaone kwanza halafu tutakutana.