AFCON 2027: Hesabu ya safari ianzie kwenye kihamba

Taifa Stars imecheza fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika mara nne: Nigeria mwaka 1980, Misri mwaka 2019, Ivory Coast mwanzoni mwa 2024, na Morocco katika mashindano yaliyoanza Desemba 2025. Mara zote hizo mkulima wa Kibosho, Marangu au Rombo aliifuata timu yake kwa redio, au katika kibanda cha televisheni. Safari ya uwanjani ilikuwa ya wenye ndege.

Hali hiyo imebadilika tangu Septemba 2023, CAF ilipozipa Kenya, Uganda na Tanzania uenyeji wa mashindano ya 2027. Miongoni mwa viwanja vilivyoandaliwa upo wa Arusha, wa watazamaji wapatao 30,000. Kutoka Moshi mjini hadi Arusha ni kilomita 80 hivi. Mwenye nusu eka ya kahawa na ng'ombe mmoja wa maziwa anaweza sasa kupanga kwenda, na hakuna sababu ya kumcheka akisema hivyo. Kinachohitaji kuangaliwa ni namna anavyopanga.

Watu wa Kilimanjaro wamezoea safari ya Desemba, wakati ndugu wanaporudi nyumbani na mabasi kutoka Dar es Salaam yanapojaa wiki kadhaa kabla. Desemba kahawa nyingi imekwisha kuvunwa na kikundi cha VICOBA kimegawana. AFCON ya 2027 imepangwa Juni na Julai. Huo ni wakati mwingine kabisa. Mahindi ya tambarare yaliyopandwa kwa mvua za masika yanakauka au yanasubiri kuvunwa, na kwenye miteremko ya chini kahawa inaanza kuiva. Fedha ziko mbali zaidi kipindi hicho kuliko wakati wowote wa mwaka, na kazi ziko karibu.

Wengi wakipiga hesabu ya safari huandika nauli, tiketi na chakula. Gharama kubwa haiandikwi. Kahawa mbivu haingoji fainali: huchumwa ikiwa nyekundu na kumenywa siku hiyo hiyo. Ikiachwa mtini inakauka na kuwa buni, na buni haijawahi kulipa kama kahawa iliyomenywa na kuoshwa vizuri. Siku tatu za mkulima kukaa Arusha zinaweza kuwa siku tatu za kibarua wa kuchuma, au kilo kadhaa zilizoshuka daraja. Ng'ombe wa ndani naye anataka majani asubuhi na jioni, na anakamuliwa hata Taifa Stars ikicheza.

Kwa mantiki hiyo, jambo la kuogopwa zaidi ni mkulima kuuza kahawa ikiwa bado mtini ili apate fedha za haraka. Kagera mtindo huo huitwa butura, na Serikali imeupiga vita kwa miaka mingi. Anayenunua kwa njia hiyo anajua kwamba muuzaji ana shida, na bei anaipanga yeye. Februari 2025 arabika ilipita dola 4 kwa ratili katika soko la New York. Aliyekuwa ameshauza maua ya kahawa yake kabla ya hapo aliisikia bei hiyo kama habari ya jirani. Mpira hautamrudishia mtu tofauti hiyo, hata timu ikichukua kombe.

Njia ipo, tena si ngeni. Anayeweka kando Sh3,000 kila wiki kwa wiki 40 anakuwa na Sh120,000, bila kugusa malipo ya awali ya kahawa wala ada ya shule. Kama ushirika ukileta malipo ya pili, sehemu ndogo inaweza kuongezwa hapo. Vikundi vya akina mama vimekuwa vikifanya hivyo kwa ajili ya vyombo na mabati, na vinaweza kufungua mfuko wa safari unaovunjwa mwezi Mei. Watu 25 wa kijiji kimoja wakikodi kosta, wanaondoka asubuhi na kurudi usiku wa siku hiyo hiyo. Gharama ya kulala inafutika, na hapo ndipo fedha nyingi zingepotea, kwani nyumba za wageni za Arusha hazitakuwa na huruma wiki hizo.

Mechi moja ya Arusha inatosha. Wapo watakaotaka Nairobi, kilomita zipatazo 350 kupitia Namanga, na hao wajipange mapema na pasipoti au hati ya dharura ya kusafiria kutoka Uhamiaji, pamoja na cheti cha chanjo ya homa ya manjano. Wasiondoke bila tiketi mkononi. Katika CHAN ya Agosti 2025, baada ya vurugu za mashabiki kuingia bila tiketi Kasarani, CAF ilipunguza idadi ya watazamaji wa mechi za Kenya hadi 27,000 na kuruhusu tiketi za kielektroniki pekee. Aliyezoea kununua mlangoni alibaki nje.

Wafanyabiashara wadogo wa Kiboriloni wanafikiria jezi na bendera. Wataziuza, ila kila mtu atakuwa nazo. Mwenye ndizi, maziwa au mboga angefanya vizuri zaidi kuongea na wapishi na wenye hoteli za Arusha miezi kadhaa kabla, wakubaliane kiasi na bei, kisha mzigo utangulie na yeye aufuate na tiketi yake.

Limebaki suala ambalo katika nyumba nyingi halijadiliwi. Kwenye kihamba, majani ya ng'ombe na maziwa mara nyingi ni kazi ya mama, na uchumaji ni wake pamoja na watoto, lakini fedha za kahawa hupokelewa na baba. Kama kosta ina nafasi 25, ni vema ijulikane mapema ni ngapi za akina mama. Kijana wa jirani anayejua kukamua atafutwe kabla ya Mei na alipwe siku yake. Akitafutwa asubuhi ya mechi, huenda naye atakuwa ameshapanda kosta.