Mtu Asigeuzwe Jitu: WrestleMania na Jina la Uganda

Mwanafunzi wangu mpendwa, kila mwaka majira ya WrestleMania yanapokaribia, swali moja huzunguka hapa Budondo, kutoka kijiwe cha bodaboda hadi uwanja wa shule: "Je, wale watu hupigana kweli?" Wapo wanaoapa kwamba damu ile ni damu, na wapo wanaocheka na kusema kwamba yote ni maigizo. Ubishi huo una raha yake, wala sitaki kuukomesha. Ila naona umetushughulisha mno, hata tukasahau kuuliza swali lililo zito zaidi: wale wanaoigiza, wanamwigiza nani? Nakuomba tulitazame swali hilo pamoja, kwa kuwa limewahi kutugusa sisi raia wa Uganda moja kwa moja.

Swali la kwanza halihitaji muda mrefu. WrestleMania ilianza tarehe 31 Machi 1985 katika ukumbi wa Madison Square Garden jijini New York, na tangu mwaka 2020 huchezwa kwa siku mbili mfululizo. Mwaka 1989 kampuni inayoiandaa ilikiri mbele ya Seneti ya jimbo la New Jersey kwamba mieleka yake ni burudani, si mashindano ya kweli, kwani haikutaka kusimamiwa kama ndondi zinavyosimamiwa. Kwa hiyo mshindi hupangwa kabla ya pambano. Maumivu hayapangwi: mtu aliyerushwa kutoka juu ya kamba huanguka kwa uzito wake wote, na ndiyo maana mzazi anayemkataza mtoto kuiga michezo hiyo kwenye ua wa udongo mgumu ana haki kabisa. Wahenga walisema, usione vyaelea, vimeundwa. Pambano linaloelea mbele ya macho yetu kwenye runinga limeundwa na mafundi, na kujua hivyo hakumnyimi mtu raha, kama vile kujua kwamba tamthilia imeandikwa hakumzuii mtu kulia mwishoni mwake.

Sasa tuingie katika swali la pili. Mwaka 1982, katika mji wa Memphis nchini Marekani, waandaaji wa mieleka Jerry Lawler na Jerry Jarrett walimbuni mhusika waliyemwita Kamala. Walimtangaza kuwa "Jitu la Uganda", mwindaji wa vichwa vya watu, aliyewahi kuwa mlinzi wa Idi Amin. Alivikwa ngozi na kinyago, akachorwa nyota na mwezi kifuani na tumboni, akapewa mkuki na ngao, akatembea peku. Hakuruhusiwa kuzungumza. Mara nyingi aliingia ulingoni akiongozwa na mtu aliyevaa kofia ngumu ya wakoloni, kana kwamba ni mnyama anayetolewa zizini.

Mtu aliyekuwa nyuma ya rangi hizo aliitwa James Harris. Alizaliwa mwaka 1950 katika jimbo la Mississippi, kusini mwa Marekani, wala hakuwa na uhusiano wowote na Uganda. Hata hivyo kwa miaka mingi alizunguka kumbi za dunia kwa jina la nchi yetu. Mwezi Agosti 1992 alipambana na Undertaker katika uwanja wa Wembley jijini London, mbele ya umati uliokadiriwa kuwa watu 80,000. Fikiri kidogo, mwanafunzi wangu: Uganda ilikuwa imetawaliwa na Waingereza hadi mwaka 1962, na miaka 30 baadaye umati ukajaa katika mji mkuu wao kumzomea "Mganda" asiyejua kusema.

Hapa sarufi ya Kiswahili inatusaidia kuona jambo ambalo macho peke yake yaweza kulikosa. Umejifunza kwamba nomino "mtu" imo katika ngeli ya A-WA: mtu anasema, watu wanasema. Ukimkuza mtu huyo ukamwita "jitu", ngeli yaweza kubadilika: jitu linasema, majitu yanasema. Herufi ni chache, lakini umemhamisha mtu kutoka ngeli ya wenye nafsi ukamweka pamoja na jiwe, jembe na gogo. Hivyo ndivyo onyesho lile lilivyomtendea Harris, na kupitia kwake likatutendea sisi. Lilitwaa mtu likamfanya jitu, likatwaa nchi ya watu wenye lugha, koo, shule na masoko, likaifanya pori moja lenye meno.

Ukitaka kuipima tofauti, panda gari uende Mbale katika mwaka unaogawanyika kwa mbili, wakati Wagisu wanapofanya tohara ya Imbalu. Utamwona kijana aliyepakwa unga na matope mwilini, akicheza barabarani huku ngoma za kadodi zikimfuata. Mgeni asiyeuliza angesema amekutana na Kamala. Lakini kila kitu katika mwili wa kijana yule kina maana, na wanaomzunguka wanaijua. Ana jina, ana baba, ana ukoo, na baada ya kusimama imara mbele ya kisu atahesabiwa kuwa mwanamume mwenye wajibu kwa jamaa zake. Rangi ya Mbale inamwingiza mtu katika jamii. Rangi ya Memphis ilimtoa mtu katika ubinadamu. Zote mbili ni rangi juu ya ngozi, na kwa hiyo jicho lisilofundishwa haliwezi kuzitenganisha.

Najua wapo watakaonijibu kwamba huo ulikuwa mchezo tu, na kwamba mieleka humfanyia kila mtu vivyo hivyo. Ni kweli kwamba ulingo umejaa Warusi wa kubuni, Waarabu wa kubuni na hata maiti wa kubuni kama huyo Undertaker. Najua pia kwamba Harris alikuwa akitafuta riziki, na kwamba simlaumu fundi wa kuchezea kinyago alichochongewa na wengine. Lakini mchezo ni mchezo pale tu pande zote mbili zinapojua kwamba ni mchezo. Mtazamaji wa Memphis alijua kwamba mieleka imepangwa. Je, alijua kwamba Uganda naye ilikuwa imepangwa? Alikuwa na jirani wangapi Wamarekani wa kawaida wa kusahihisha picha ya Mmarekani mbaya aliyemwona ulingoni? Wengi mno. Na Waganda wa kusahihisha picha ya Kamala alikuwa nao wangapi? Huenda hata mmoja. Kinyago humdhuru zaidi yule ambaye watu hawajawahi kuuona uso wake.

Kinyago kilimdhuru aliyekivaa pia. Harris aliugua kisukari, akakatwa mguu mmoja mwaka 2011 na wa pili mwaka 2012, kisha akafariki mwezi Agosti 2020 akiwa na umri wa miaka 70. Kabla ya kufa aliandika kitabu cha maisha yake, akakipa jina la Kamala Speaks, maana yake "Kamala Anazungumza". Nakiona kichwa hicho kuwa na uzito mkubwa. Mtu aliyelipwa kwa miaka mingi ili anyamaze alitaka, hatimaye, kurudi katika ngeli ya A-WA.

Mambo yamebadilika kiasi. Tarehe 7 Aprili 2019, katika WrestleMania ya 35, Kofi Kingston alimshinda Daniel Bryan akawa bingwa wa WWE wa kwanza aliyezaliwa Afrika. Alizaliwa Ghana, lakini alipoanza kuonyeshwa kwenye runinga alitangazwa kuwa mtu wa Jamaika. Matokeo ya pambano lile yalipangwa, kama ya mengine yote, na bado watu walilia machozi ya kweli. Walilia kwa sababu mtu alisimama kileleni akiwa na asili yake mwenyewe, bila mkuki na bila mtu wa kumwongoza kwa kofia ya kikoloni.

Wala hatuna haja ya kungoja Las Vegas wala New Jersey watupatie heshima hiyo. Ukitoka Jinja kwenda Kampala utapita Mukono, na huko Mukono kuna vijana wanaojiita Soft Ground Wrestling. Ulingo wao umezungushiwa nguzo za mianzi, na sakafu yake ni matope. Video zao zimetazamwa mbali sana kupitia simu. Nao pia wanaigiza, wanajigamba, wanarushana na kutishana. Tofauti ni kwamba kisa ni chao. Wamechagua majina yao wenyewe, wanazungumza kwa midomo yao, na mtazamaji wa ng'ambo anayewacheka au kuwashangilia anamcheka au kumshangilia Mganda aliyejieleza mwenyewe. Yeyote anayewaona kuwa wahuni wa matopeni anapaswa kuwatazama tena.

Pengine unajiuliza mwalimu wa Kiswahili ana kazi gani na mieleka. Kazi yangu ni hii: lugha unayojifunza nayo imevishwa kinyago katika nchi hii. Wazee wengi walikisikia Kiswahili kwa mara ya kwanza kikitoka kinywani mwa askari kwenye kizuizi cha barabarani, nacho kikaitwa lugha ya bunduki na ya wezi. Lugha ya Shaaban Robert ikafanywa jitu. Katiba ilirekebishwa mwaka 2005 ili Kiswahili kiwe lugha rasmi ya pili, na mwezi Julai 2022 Baraza la Mawaziri likaidhinisha kifundishwe kwa lazima shuleni. Bado ukikizungumza sokoni huenda ukaona muuzaji akikutazama kwa shaka. Sheria yaweza kukipa Kiswahili cheo, lakini kinyago kitavuliwa na wewe, siku utakapokitumia kumsalimu bibi yako kwa adabu, kununua mihogo na kumtetea mnyonge.

Uraia nao hujifunzwa hivyo hivyo. Yule anayesimama jukwaani wakati wa kampeni akikuonyesha kabila fulani, dini fulani au wageni fulani kama jitu linalokuja kukumeza, amejifunza ufundi ule ule wa Memphis. Anahitaji adui aliyechorwa vizuri, asiyeweza kuzungumza, ili wewe umshangilie shujaa. Kabla ya kupiga makofi, muulize: watu hao unaowasema wana majina gani, na mbona hawapo hapa kujieleza?

Basi WrestleMania ijayo itakapofika, nenda kibandani na rafiki zako, utazame na ufurahi. Mwenye macho haambiwi tazama, lakini macho hayo yana kazi ya kufanya. Chagua mhusika mmoja, kisha uandike aya moja ya Kiswahili kuhusu mtu aliyemo ndani ya vazi lile: alizaliwa wapi, nani alimbuni, na ni watu gani anaodai kuwawakilisha. Andika kwa upatanisho wa A-WA kuanzia sentensi ya kwanza hadi ya mwisho.