Yamepauka au Wamepauka?

Kati ya makala zilizofika mezani kwa ajili ya toleo hili, nusu zinasema matumbawe "yamepauka" na nusu zinasema "wamepauka". Waandishi wawili wametumia yote mawili katika ukurasa mmoja, na mwingine akaandika pembeni kwamba hilo ni suala la sarufi tu, mhariri achague apendavyo. Neno hilo "tu" ndilo lililonirefushia kalamu. Upatanisho wa kisarufi katika Kiswahili si pambo la sentensi. Kipepeo amevaa kiambishi cha vitu, lakini hakuna asemaye kipepeo kinaruka; kifaru naye hakifi, anakufa. Lugha hii humtaka msemaji aamue, kabla hajamaliza kitenzi, kama anachokitaja ni mnyama au la. Anayeandika "matumbawe yanakula" ametoa hukumu ya kibiolojia, apende asipende, na hukumu yenyewe ina kasoro ndani yake: kitu kisicho mnyama kinakulaje?

Ubishi huu ni wa zamani kuliko jarida lolote la sayansi za bahari. Mwaka 1706 Luigi Marsigli aliyatazama marijani mekundu ya Mediterania yakiwa ndani ya maji, akaona vitu vyeupe vikichanua, akasema ni maua. Hoja ikaonekana imefungwa: marijani ni mmea. Daktari wa Marseille, Jean-André Peyssonnel, akatazama tena katika miaka ya 1720, akaona "maua" yale yanajikunja yakiguswa na yanaoza kama nyama, akaamua kwamba ni wanyama. Réaumur, aliyekuwa mkubwa wa elimu ya viumbe mjini Paris, alilifikisha jambo hilo mbele ya Akademia mwaka 1727 bila kumtaja mwenye hoja, kwa kumsitiri asichekwe. Ilibidi Abraham Trembley amkatekate haidra katika miaka ya 1740, kila kipande kikajijenga upya na kuendelea kuwinda, ndipo Réaumur akakiri kwamba daktari wa Marseille hakukosea. Miaka kama kumi na mitano ilipita, na Kifaransa kiliwaruhusu kuipitisha bila kubadili hata kiambishi kimoja. Sisi hatuna anasa hiyo.

Pingamizi la kwanza, nalo ni zito, linasema kwamba watu wa pwani wanaoujua mwamba kuliko wenye shahada husema "yamekufa", na mhariri hana haki ya kuwafundisha lugha yao. Nakubali nusu ya kwanza. Lakini tuulize tumbawe liliingiaje katika lugha. Liliingia mikononi mwa fundi mwashi. Misikiti ya Kilwa, nyumba za Gedi na za Mji Mkongwe wa Unguja zimejengwa kwa mawe ya matumbawe. Tumbawe la Porites lilikatwa baharini lingali laini, likachongwa kwa ajili ya mihirabu na miimo ya milango kabla halijakauka na kuwa gumu. Mengine yalichomwa tanuri yakawa chokaa. Mwashi alipokea jiwe, akaliita kwa upatanisho wa jiwe, na hakukosea. Hakuna anayetaka kumsahihisha. Kiswahili kinajua tayari namna ya kukaa na mambo mawili katika kiumbe kimoja: yai linavunjika, kifaranga analia. Sijasikia mtu akilalamika kwamba hilo linawachanganya wafugaji.

Kupauka ndiko kunakoonyesha faida ya jambo hili. Polipi wa tumbawe huishi na mwani wa seli moja ndani ya tishu zake, na mwani huo humpatia sehemu kubwa ya nishati yake pamoja na rangi anayoonekana nayo. Maji yakizidi wastani wa mwezi wenye joto kuliko yote kwa takribani nyuzi moja ya Selsiasi, na joto hilo likidumu kwa wiki kadhaa, ushirika huvunjika: mwani hutoka, tishu za polipi hubaki bila rangi, na weupe wa mifupa ya chokaa huonekana kupitia mwili wake. Mnyama yupo. Ana njaa, lakini yupo. Bahari ikipoa mapema, mwani hurudi naye huendelea kuishi. Joto lisipopungua, atakufa, na mifupa yake itafunikwa na mwani wa aina nyingine. Hizi ni hatua tatu, na Kiswahili kinaweza kuzitenga bila maelezo marefu: wamepauka, wamekufa, yamebaki. Anayeandika "yamepauka" amekwisha kuwageuza mawe wakati bado wanapumua, kisha anashangaa msomaji wa gazeti akiamini kwamba mwamba uliopauka ni mwamba uliokufa. Tangu mwaka 1998, Bahari ya Hindi ilipopata joto kali na miamba mingi ya Kenya na Tanzania kupoteza matumbawe kwa wingi, mkanganyiko huo umejirudia karibu kila tunapopata msimu wa joto. Nathubutu kusema kwamba sehemu yake imo katika kiambishi.

Kuna athari nyingine, nayo imejificha ndani ya majedwali yetu. Kitu cha li-ya hupimwa kama zulia: asilimia kadhaa ya sakafu imefunikwa na "matumbawe hai", basi. Kipimo hicho kina kazi yake, sikikatai, ila kinanyamazia swali la nani anayefunika. Akropora wenye matawi hukua haraka, baadhi yao sentimita kumi au zaidi kwa mwaka, na ndio waliokufa kwa wingi mwaka 1998. Porites wa mabonge hukua kama sentimita moja tu, na wengi wao walistahimili. Miamba miwili yenye asilimia ileile inaweza kuwa mmoja unangoja joto lijalo uporomoke na mwingine umekwisha kulipita. Mtafiti aliyezoea kusema "wamepungua" atajikuta anauliza ni akina nani waliopungua, kama tunavyouliza habari za ng'ombe au za samaki. Asemaye "yamepungua" huridhika na namba.

Wapo wanaosema kwamba mnyama asiyetembea, asiye na ubongo, anayeishi katika koloni la maelfu ya nakala zake mwenyewe, hastahili upatanisho wa a-wa. Sawa, tumwite konyeza shahidi. Konyeza hana ubongo na mwili wake karibu wote ni maji, lakini kuanzia Lamu hadi Mtwara konyeza anawasha. Hakiwashi wala haliwashi. Yeye na tumbawe ni faila moja, nidaria, na kinachowaunganisha ni kile kile tunachokisikia ngozini: seli yenye kifuko cha sumu na uzi uliokunjwa, ambao kwa haidra umepimwa ukifyatuka kwa muda usiofika sehemu moja ya milioni ya sekunde. Polipi wa tumbawe anayo pia, na usiku hunyoosha minyiri yake akakamata planktoni. Zaidi ya hayo, konyeza wengi hupitia hatua ya polipi aliyejishikiza mwambani, asiyetoka mahali pake. Je, katika hatua hiyo wanakuwa vitu, kisha wakianza kuogelea wanakuwa wanyama? Kuhusu koloni nina jibu fupi: Fungia ni polipi mmoja peke yake chini ya bahari, wala hatujamwona akipewa a- kwa ajili ya upweke wake.

Nakiri kwamba "tumbawe amepauka" inakwaruza sikio. Sikio huzoea. Lilizoea "bakteria hawa", viumbe ambao wasemaji wengi hawajawahi kuwaona, na likawaacha virusi na vi- yao. Bila kikao chochote, lugha ikawa imegusa mpaka ambao wanabiolojia bado wanaubishania.

Suala la pili la sarufi nitaligusa kwa haraka ingawa linaniudhi vilevile: "wasio na uti wa mgongo". Tumeacha jina hilo kwenye jalada kwa sababu wasomaji wanalijua. Lakini ni jina la ukosefu, tuliloachiwa na Lamarck, na linaweka kapu moja wanyama ambao hawana undugu wa karibu. Kiti cha pweza yuko karibu zaidi na binadamu kwa nasaba kuliko alivyo karibu na pweza mwenyewe aliyempa jina. Ukimtaja mtu kwa asichonacho, utamwona duni kabla hujamtazama. Makala ya uainishaji inatosha kulitibu hilo: anemoni Nematostella, ambaye jenomu yake ilichapishwa mwaka 2007, alikutwa na akiba ya jeni inayofanana na yetu kuliko ilivyotarajiwa; Tripedalia, konyeza wa mikokoni mwenye macho 24, alionyeshwa mwaka 2023 kwamba hujifunza kutokana na kugongana na vizuizi; na Henneguya, kimelea wa samaki wa samoni, ni nidaria aliyepoteza hata jenomu ya mitokondria. Usahili wake umekuja kwa kupoteza, na wanaochora ngazi ya viumbe wangemweka wapi?

Makala ya Millepora isomwe na kila mzamiaji: ana mifupa migumu, anachoma, anaitwa tumbawe, ila kwa nasaba ni ndugu wa haidra. Makala ya jongoo bahari ni ya soko zaidi kuliko ya baharini. Ile ya ufugaji wa sifongo Jambiani ni fupi na nzuri. Barua kuhusu vipeperushi vya utalii vinavyotangaza "bustani za maua ya bahari" tumeichapisha nzima, kwa sababu Marsigli angefurahi.

Kanuni ya jarida kuanzia toleo hili ni kwamba mnyama akiwa hai, hata akiwa amepauka, ni a-wa; mifupa, mawe na chokaa ni li-ya; mwamba unabaki na u-i yake. Makala moja, ya ukurasa wa 58, imeachwa na "yanakula" yake mara saba. Mwandishi alikataa masahihisho, na data zake za Mafia ni nzuri mno kuzirudisha.