Manju na Milton

Wapo wasomi wanaomtukuza John Milton wa Uingereza kuwa malenga mkuu, lakini manju wa Shinyanga na Geita kwao ni mpiga kelele za ngoma tu, eti kwa kuwa hakuandika. Hoja hiyo twaikataa. Milton alikuwa kipofu kabisa tangu mwaka 1652. Utenzi wake mkubwa, Paradise Lost, uliotolewa mwaka 1667, aliutunga kichwani akawatamkia wengine wakauandika. Je, umalenga ulikuwa wa karani? Manju wa Bagika au Bagalu, vyama vya ngoma vya Wasukuma, naye hutunga kichwani, kisha baada ya mavuno hushindana mbele ya umati usiosamehe wimbo dhaifu. Akifa, nyimbo nyingi huzikwa naye. Alichokosa ni karani. Basi wanafunzi wetu wamwendee na madaftari, waandike Kisukuma chenyewe kwanza, tafsiri baadaye.