Ukungu Wenye Kanuni: Maoni Kuhusu Usawiri wa Hatari katika Riwaya za Mistborn

Uhakiki wa fasihi ya Kiswahili umezoea kuzipokea nchi za kubuni kwa njia moja. Kusadikika ya Shaaban Robert (1951) inaelea angani, wala hapana msomaji anayeuliza inashikiliwa na nini, kwa kuwa kuelea huko ni vazi tu la hoja kuhusu sheria na dhuluma. Mhakiki hulivua vazi akaitazama hoja. Katika Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi vazi halivuki kwa urahisi, lakini swali linalotangulia hubaki lile lile: hiki ni ishara ya nini? Swali hilo limezaa uhakiki mwingi wenye manufaa. Hata hivyo, linapoelekezwa kwenye fantasia ya kisasa ya Marekani, huweza kulipita jambo lililo zito kuliko yote.

Mfano ufaao ni ukungu unaotanda katika riwaya tatu za Brandon Sanderson: The Final Empire (2006), The Well of Ascension (2007) na The Hero of Ages (2008), ambazo kwa pamoja hujulikana kwa jina la Mistborn. Ulimwengu wake umejengwa juu ya aina fulani ya alkemia. Wachache waliojaliwa kipaji humeza vipande vidogo vya metali na kuviunguza tumboni, na kila metali huwapa uwezo wake: chuma huvuta metali nyingine, chuma cha pua huzisukuma, bati hunoa hisi. Aloi isiyochanganywa kwa vipimo sahihi humdhuru mwenye kuiunguza. Juu ya nchi hiyo majivu huanguka kama mvua, na kila usiku hushuka ukungu. Watu wa tabaka la chini hujifungia ndani kwa kuuogopa, ilhali Vin, msichana aliyekulia katika magenge ya wezi, hufundishwa kwamba ukungu huo ndio maficho yake. Katika riwaya ya pili ukungu unaanza kubaki hadi mchana, na unaua. Katika ya tatu inadhihirika kwamba kila umati unapouingia kwa mara ya kwanza, watu 16 katika kila 100 huanguka na kuugua, na baadhi yao hufa. Si 15, wala si 17.

Hapo ndipo usomaji wa kiishara unapokwama. Idadi hiyo, inakuja kubainika, inalingana na idadi ya metali za msingi. Ukungu ni mwili wa nguvu inayohifadhi ulimwengu. Ugonjwa ni njia ya kukiamsha kipaji kilicholala. Na usahihi wa idadi ni ujumbe ambao nguvu pinzani, ile ya kuangamiza, haiwezi kuuvuruga, ingawa inaweza kubadili maandishi yoyote yasiyochongwa juu ya metali. (Mtafiti wa miswada ya kale atalihisi tishio hilo upesi kuliko msomaji mwingine.) Ukungu huu, basi, si ishara ya ujinga wala ya ukoloni. Ni chombo chenye kazi, kipimo na mwenyewe. Chombo kinapoua, swali la kwanza si kinamaanisha nini, bali nani aliyekitega.

Mwaka 2007 Sanderson alichapisha insha akidai kwamba uwezo wa mwandishi wa kutatua mgogoro kwa uchawi hutegemea kiasi ambacho msomaji ameuelewa uchawi huo. Dai hilo limechukuliwa zaidi kuwa ni suala la msuko, yaani la fani. Ni suala la maadili pia. Ukungu usioelezeka huua kama radi: maiti huliliwa, na hapana wa kushtakiwa. Ukungu wenye kanuni huua kwa hiari ya aliyeiweka kanuni. Kwa hiyo maelezo hayaipunguzi hofu kama inavyodhaniwa. Huigeuza kuwa shtaka.

Je, riwaya inalikabili shtaka hilo? Kwa nusu tu. Mfalme Elend anawaingiza askari wake ukunguni makusudi, maana aliyekwisha kuupitia haudhuriki tena na jeshi linahitaji kusonga mbele. Majuto yake yanasawiriwa kwa uzito unaostahili, na hizo ni miongoni mwa kurasa bora za kitabu. Lakini baadaye inafunuliwa kwamba wale waliougua kwa muda mrefu zaidi wamepata uwezo wa kuunguza metali adimu kuliko zote, nao wanasimama katika vita vya mwisho. Ufunuo huo unakuja kama stakabadhi ya malipo. Waliougua wakapona wamepewa kazi. Waliokufa siku ile ile hawakupewa kitu, na mpango haukuwahitaji. Msuko umefungwa barabara, na kwa sababu hiyo wasomaji wengi hawaoni kilichoachwa nje.

Ugumu unazidi kwa kuwa nguvu ile ya kuhifadhi iliitoa mhanga akili yake ili kumfunga mpinzani wake. Makarani wa jeshi wanapomaliza kuhesabu, mwenye mpango hana tena akili ya kujibu. Anabaki Elend, binadamu. Amri aliitoa kabla ya kuijua kanuni yote, na riwaya inamlipia deni hilo kwa kifo cha vitani.